Nani Avae Kilemba cha Carmen?

Mwaka 1995 mwongozaji wa filamu kutoka Brazil, Helena Solberg, alitoa filamu ya hali halisi kuhusu mwimbaji Carmen Miranda, iitwayo Carmen Miranda: Bananas Is My Business. Humo mna picha za zamani, mahojiano, simulizi kwa sauti ya Solberg mwenyewe, na maigizo. Katika maigizo hayo, anayevaa kilemba cha Carmen, bangili zake na viatu vyake vya soli nene ni mwanamume, Erick Barreto, msanii aliyejipatia jina jukwaani kwa kuwaigiza waimbaji wanawake.

Tangu hapo Brazil imewarudisha waimbaji wake wanawake kwenye filamu na majukwaa kwa wingi: Elis Regina, Elza Soares, Dona Ivone Lara, Clara Nunes, Gal Costa. Na swali linabaki lile lile: kumwigiza mwimbaji ni kumtukuza, au ni kumfunika? Nimeishi na sauti za wanawake hawa na sipendi kuziona zikichezewa, ndiyo maana swali hili linanigusa. Nimelipanga hapa kwa sauti mbili nilizozitunga, ya mzee anayekusanya santuri na ya mwigizaji wa jukwaani aliye rika la binti yake. Nitaingilia panapobidi, na langu nitalisema.

MZEE WA SANTURI: Msimamo wangu haufichiki. Mwimbaji akishakufa, heshima anayostahili ni kusikilizwa. Carmen alirekodi "Taí" mwaka 1930, akiwa na miaka ishirini na moja hivi, na wimbo huo ukamfanya ajulikane Brazil nzima. Sauti ile ipo. Ni nyepesi, ina mchezo ndani yake, na hata mdundo ukienda kasi kila silabi inasikika. Sasa mtu anajipaka rangi, anavaa kilemba chenye matunda, anapepesa macho; mimi naona nini? Naona kofia. Na kofia ndiyo iliyommeza Carmen. Ulizia leo Carmen Miranda ni nani, utaambiwa ni yule mama wa ndizi kichwani. Wangapi watakutajia wimbo wake mmoja?

MWIGIZAJI: Hapo nakukatalia, Mzee wangu, na ushahidi ninao kwake mwenyewe. Kofia haikumdondokea Carmen kutoka angani. Alipokuwa msichana alifanya kazi kwenye duka la kofia Rio de Janeiro, akajifunza kuzitengeneza, na baadaye vilemba vyake vya jukwaani alivibuni mwenyewe. Alikuwa mfupi, hata mita 1 na sentimita 55 hafiki, akatafuta viatu vya soli nene ili wa viti vya nyuma wamwone. Mwaka 1939, katika filamu ya Banana da Terra, alitokea na vazi la wanawake wa Bahia akiimba wimbo wa Dorival Caymmi, kijana aliyetoka Bahia na aliyemfundisha namna ya kuchezesha mikono kwenye wimbo ule. Mikono, macho, kiuno, kilemba, vyote ni kazi yake kama ilivyo sauti. Santuri inakupa nusu tu ya kazi hiyo, na wewe unataka hiyo nusu ndiyo iwe Carmen mzima.

MZEE WA SANTURI: Kazi yake? Tusidanganyane, binti. Vazi lile ni la wanawake weusi wa Salvador waliokuwa wakiuza acarajé barabarani, zile kunde zilizosagwa na kukaangwa kwenye mafuta ya mawese. Sketi pana, lesi nyeupe, shanga shingoni, kitambaa kichwani: ni mavazi ya watu yenye historia na dini yao. Carmen alikuwa mzungu, amezaliwa Ureno mwaka 1909, akaletwa Rio akiwa mchanga. Aliwaiga wale kina mama. Halafu Hollywood ikaiga uigaji wake, ikaongeza ndizi. Sasa wewe uje uigize uigaji wa uigaji! Yule muuza acarajé hapo umemtukuza wapi?

MWIGIZAJI: Hilo ni zito na silikwepi. Lakini angalia umelitambuaje, Mzee. Umelitambua kwa sababu umeliona vazi. Ungebaki na santuri peke yake, wale wanawake wa Salvador wasingepita kabisa mbele yako.

MWANDISHI: Niingilie kidogo, kwa maana filamu yenyewe tunaizunguka bila kuingia ndani yake. Inaanza kwa kuigiza kifo. Mwanamke anaanguka chumbani kwake usiku, akiwa na kioo kidogo cha mkononi. Kisha Solberg anaanza kusimulia, na anasimulia kama mtu mwenye deni. Carmen alipofariki Beverly Hills tarehe 5 Agosti 1955, akiwa na miaka 46, mwili wake ulirudishwa Rio na mamia ya maelfu ya watu wakajaa barabarani kumsindikiza. Helena alikuwa msichana wa Rio, wa familia ya hali nzuri, na wazazi wake hawakumruhusu kwenda. Filamu nzima ni safari ya kwenda kwenye mazishi aliyokatazwa.

Na Solberg hakuwa mgeni wa kusimulia maisha ya wanawake. Mwaka 1966 alitengeneza A Entrevista, filamu fupi ambamo wasichana wa tabaka lake wanazungumzia ndoa, kazi na mwili wao, huku tukimwona bibi harusi akipambwa. Alikuwa mwanamke karibu peke yake katika kundi la wanaume wa Cinema Novo, wimbi jipya la filamu za Brazil. Alipomfikia Carmen, aliwatafuta waliomjua: mdogo wake Aurora, Synval Silva, mtunzi mweusi aliyempa nyimbo kadhaa zilizo bora kuliko zote alizoimba, na mpiga gitaa Laurindo Almeida. Akamtafuta pia Rita Moreno, mzaliwa wa Puerto Rico, aeleze maana ya kuwa mwanamke wa Amerika ya Kusini au wa Karibi mbele ya kamera za Hollywood. Baada ya hao wote, pale pasipokuwa na picha wala shahidi, akamwita Barreto.

MZEE WA SANTURI: Mwanamume! Hapo ndipo ninapokwama. Historia nzima ya Carmen ni wanaume wakimvaa. Carmen akiwa hai bado, mwigizaji Mickey Rooney alijivika kilemba na kumwigiza katika Babes on Broadway, mwaka 1941. Wanajeshi wa Marekani kambini wakamwigiza ili wenzao wacheke. Kanivali ya Rio kila mwaka imejaa wanaume waliovaa Carmen. Mwanamke aliyefanya kazi hadi moyo ukasimama amegeuzwa vazi la kuchekeshea watu, halafu Solberg anaongeza mwingine juu yao.

MWIGIZAJI: Umemtazama Barreto vizuri lakini, Mzee? Rooney anachekesha. Anaongeza macho, anaongeza kiuno, anatafuta kicheko. Barreto anafanya kinyume chake. Anapunguza. Anakaa na uso wa Carmen pale ambapo hakuna wa kumpigia makofi, na kicheko kinakukauka mdomoni. Na kwa kuwa ni mwanamume, wewe mtazamaji huwezi kusahau hata sekunde moja kwamba huyu si Carmen. Hilo ndilo ninaloliona kuwa la heshima. Angeletwa mwanamke anayefanana naye kama pacha, ungejikuta umedanganyika, ukadhani unamwona mwenyewe. Solberg ameuacha mshono uonekane. Fundi wa kofia kama Carmen angeuelewa mshono huo.

MZEE WA SANTURI: Maneno matamu. Lakini kwa nini kuigiza, wakati picha halisi ipo? Usiku wake wa mwisho wa kazi ulirekodiwa. Alikuwa kwenye kipindi cha televisheni cha Jimmy Durante, akicheza, goti likamlegea ghafla, Durante akamshika, akainuka, akatabasamu, akamaliza. Baada ya saa chache amefariki. Picha hiyo ukiiona huhitaji mwigizaji yeyote. Tabasamu lile lenyewe linakuua.

MWIGIZAJI: Linaniua na mimi. Lakini tabasamu lile ni la kamera, Mzee. Alipanda ngazi kwenda chumbani akiwa na nini moyoni, kamera haikumfuata. Wanawake hawa kamera iliwafuata pale tu walipokuwa wanaburudisha. Ukisema tuoneshe kilichorekodiwa peke yake, umeshakubali kwamba maisha yao ni yale tu ambayo studio ilitaka kuyarekodi. Hollywood ilimtaka aendelee kuvunjavunja Kiingereza hata alipokuwa anakijua, kwa sababu ndicho kilichouza tiketi. Tukibaki na picha hizo tu, tunaendelea kumsikiliza jinsi studio ilivyotaka asikike.

MZEE WA SANTURI: Alijua kujijibia, binti, hakuhitaji wakala. Julai 1940 alirudi kutoka New York, akapanda jukwaa la Kasino ya Urca mbele ya wakubwa wa serikali ya Rais Vargas, akawasalimu kwa Kiingereza. Ukumbi ukamnyamazia. Wale wale waliokuwa wakimshangilia wakamwona amegeuka Mmarekani. Alijifungia, akaandaa nyimbo mpya, akarudi kwenye ukumbi ule ule. Mmojawapo ulikuwa "Disseram que voltei americanizada", unaojibu tuhuma hiyo hiyo, na akaurekodi Septemba mwaka huo. Mimi ninayo sauti hiyo. Sikiliza anavyowacheka waliomcheka. Utamwigizaje mtu aliyekwisha kujitetea vizuri hivyo?

MWIGIZAJI: Kisha akaondoka, akakaa miaka kumi na minne bila kurudi kwao, hadi mwisho wa 1954. Wimbo ulijibu tuhuma, sikatai. Uchungu haukuisha. Na uchungu haumo kwenye santuri.

MWANDISHI: Nadhani hapa Mzee amebanwa, ila yeye hakubali, naye ana turufu nyingine mkononi.

MZEE WA SANTURI: Haya, tumwache Carmen. Nitajie nani amwigize Clementina de Jesus. Amezaliwa mwaka 1901 Valença, mkoa wa Rio. Amefanya kazi za ndani kwenye nyumba ya watu zaidi ya miaka ishirini. Mtunzi Hermínio Bello de Carvalho anamsikia akiimba, anampandisha jukwaani ana miaka 63. Mwaka uliofuata, 1965, yumo kwenye onyesho la Rosa de Ouro, na Brazil inashtuka. Ile sauti nzito, yenye mikwaruzo, imetoka kwenye nyimbo alizofundishwa na mama yake, nyimbo za watu waliopita utumwani. Mwaka 1966 yuko Dakar kwenye tamasha la kwanza la sanaa za watu weusi duniani. Mwaka 1982, mtu mzima wa miaka zaidi ya themanini, anaingia studio na wenzake wawili kurekodi nyimbo za kazi za watumwa waliochimba almasi Minas Gerais, sauti na ngoma tu. Sisi wa pwani hii tuna sababu ya kuisikiliza rekodi ile kwa adabu: kwenye gati la Valongo, Rio, walishushwa mamia ya maelfu ya Waafrika, na miongoni mwao walikuwemo waliotolewa Msumbiji. Mwigizaji gani ataitoa sauti hiyo kooni? Akijaribu, itakuwa kejeli hata kama hakukusudia.

MWIGIZAJI: Kwa Clementina nakubaliana nawe, Mzee. Mimi mwenyewe nisingethubutu. Ana Rieper alipotengeneza filamu yake ya Clementina, iliyotoka 2018, ilibidi imtegemee Clementina mwenyewe, na ndivyo inavyostahili. Lakini niulize kitu. Miaka yake sitini ya mwanzo iko kwenye santuri gani? Alipokuwa anaosha vyombo na kuimba, nani aliwasha mashine? Wewe unasema santuri inatosha. Santuri ilikuwa mlango uliofungwa kwa wanawake kama yeye. Aliingia akiwa bibi. Wengine wenye sauti kama yake hawakuingia kabisa, na hao hutawasikia hata ukikusanya santuri hadi kiama.

MZEE WA SANTURI: Hapo umenigusa, mwanangu. Endelea.

MWIGIZAJI: Basi nakuletea Elza Soares. Mtoto wa mtaa wa mabanda Rio, aliozwa akiwa na miaka kumi na mbili hivi, akazika watoto. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 alijitokeza kwenye kipindi cha redio cha Ary Barroso kushindania zawadi, amevaa nguo ya mama yake iliyobanwa kwa pini ili imkae. Watu ukumbini wakacheka. Barroso akamuuliza kwa dhihaka ametoka sayari gani, naye akamjibu kwamba ametoka sayari ya njaa. Kisha akaimba, na hakuna aliyecheka tena. Pini zile, Mzee, utazionesha vipi kwa santuri?

Mwaka 2018, Elza akiwa hai, ilipanda jukwaani tamthilia ya muziki kuhusu maisha yake. Waandaaji hawakumtafuta mwanamke mmoja wa kufanana naye. Waliweka waigizaji saba, wanawake weusi, na wote saba ni Elza. Mmoja anaanza sentensi, mwingine anaimalizia. Hakuna anayejaribu kuiba ule mkwaruzo wa koo lake. Mtazamaji anaelewa kwamba maisha yale hayabebwi na mtu mmoja, na kwamba wasichana wengine wa mitaa ile ile wana pini zao. Elza mwenyewe wakati huo alikuwa akiimba ameketi kwenye kiti cha enzi, kwa sababu ya matatizo ya uti wa mgongo, albamu yake ya 2015 ikiwa imewarudishia vijana sauti waliyodhani ni ya bibi zao. Alifariki Januari 2022. Sidhani kama wanawake wale saba walimpunguzia kitu.

MZEE WA SANTURI: Hawakumpunguzia. Hilo la saba ni la akili. Lakini binti, ndugu zako wa jukwaani wameufungua mlango ambao sasa hamuwezi kuufunga. Unajua nitakalotaja.

MWIGIZAJI: Tangazo la gari.

MZEE WA SANTURI: Tangazo la gari. Elis Regina alifariki Januari 1982 akiwa na miaka 36, amemwacha binti yake, Maria Rita, na miaka minne. Julai 2023 Volkswagen, ikiadhimisha miaka 70 nchini Brazil, ikatoa tangazo. Maria Rita, mwimbaji mkubwa sasa, anaendesha gari jipya la umeme; pembeni yake inakuja Kombi ya zamani, na anayeiendesha ni Elis. Wanaimba pamoja wimbo wa Belchior. Watu walilia. Mimi pia machozi yalinilengalenga, na ndipo nilipoudhika zaidi. Elis mwaka 1969, akiwa Ulaya, aliwaita watawala wa kijeshi masokwe, na akabanwa kwa hilo. Volkswagen ya Brazil mwaka 2020 ilikubali kulipa reali milioni 36 kwa ushirikiano wake na utawala ule ule dhidi ya wafanyakazi wake. Leo Elis anatabasamu ndani ya gari lao! Alitoa idhini lini? Ukisema Barreto ana ruhusa ya kuwa Carmen, kwa nini mashine isiwe na ruhusa ya kuwa Elis?

MWIGIZAJI: Kwa sababu Barreto anaonekana, Mzee! Katika tangazo lile kulikuwa na mwigizaji hai, mwanamke aliyekaa nyuma ya usukani, akageuza kichwa, akaimba kwa midomo. Akili mnemba ikaufuta uso wake na kubandika wa Elis. Wanawake wawili wamefichwa kwa mkupuo mmoja: marehemu aliyetiwa tabasamu asilolitoa, na mwenzangu aliyefanya kazi uso wake usionekane. Hiyo huwezi kuiita kuigiza. Katika filamu ya Elis ya 2016, Andréia Horta anachezesha midomo juu ya rekodi za Elis mwenyewe. Unamwona Andréia, unamsikia Elis. Kila mmoja ana mahali pake na jina lake. Unaweza kuipenda au usiipende, lakini hakuna aliyekuibia.

MZEE WA SANTURI: Familia iliridhia, lakini. Na baraza la Brazil linalosimamia maadili ya matangazo lilifungua shauri, likalifunga Agosti mwaka huo huo bila adhabu. Wao waliona hakuna kosa.

MWIGIZAJI: Familia inarithi mali. Sina hakika kama inarithi mdomo.

MWANDISHI: Niwakatishe hapa, maana Mzee na binti wameanza kukasirikia kitu kimoja, na kila mmoja bado ana neno ambalo mwenzake hajalijibu.

Mimi nasimama na mwigizaji, lakini kwa masharti aliyoyaleta Mzee. Santuri itangulie. Atakayemweka Carmen jukwaani bila kuwapitisha watu kwenye sauti yake ya miaka ya 1930, kabla ya ndizi na kabla ya Hollywood, anamvisha kilemba cha ukoka, sifa nyingi zisizo na kitu ndani. Wanawake wa Salvador watajwe kila vazi lile linapopanda jukwaani, na watunzi weusi kama Synval Silva wasiachwe wakawa majina madogo mgongoni mwa jalada. Na kwa wengine, kama Clementina, mwigizaji akae pembeni, aache rekodi izungumze. Hayo nimemkubalia Mzee yote.

Ninachomkatalia ni kudhani kwamba sauti iliyorekodiwa ni mtu mzima. Rekodi za wanawake hawa zilifanywa na kampuni, kwa ratiba ya kampuni, zikauzwa kwa picha iliyochaguliwa na kampuni. Wimbo ulipoisha, mashine ilizimwa. Aliyobaki nayo mwanamke pale, uchovu, hasira, mahesabu ya pesa, watoto, mwili unaoanza kugoma, hayo mtu mwingine hana budi kuyabeba kwa mwili wake ili sisi tuyaone. Ndiyo kazi ya mwigizaji, na ni kazi ya heshima inapofanywa uso wazi. Solberg aliielewa alipomchagua mtu ambaye hakuna mtazamaji angemchanganya na Carmen. Waandaaji wa Elza waliielewa walipoweka saba.

Filamu ya Solberg naitetea, pamoja na mwanamume wake na kilemba chake. Tamthilia ya wanawake saba naitetea zaidi. Tangazo la mwaka 2023 nalipinga, hata kama familia iliridhia, hata kama shauri lilifungwa, na hata kama liliwaliza wengi: Elis Regina hakuendesha gari lile, na mwanamke aliyeliendesha hatukuoneshwa uso wake.